Nyumba za kupakua kwenye Sims 4: Galerie, Tray au Mods?

Nyumba nzima ya Sims 4, mchezo wa video wa kujenga nyumba na kulea familia, yenye vyumba vinne, barza mbele na ua nyuma, mara nyingi haizidi uzito wa picha mbili tatu za simu. Lakini viti, mapazia na milango iliyomo ndani yake vinaweza kufika mamia ya mega. Ukishaelewa kwa nini iko hivyo, kuchagua njia ya kuweka nyumba uliyoipakua kunakuwa kazi nyepesi.

Faili ya nyumba ni ramani pamoja na orodha: hapa ukuta, hapa mlango nambari fulani, hapa kitanda nambari fulani cha rangi ya tatu. Mlango wenyewe haumo. Mchezo unasoma nambari, unakwenda kuutafuta mlango huo katika ghala lake, ukiupata unauweka. Usipoupata, ukuta unabaki mzima, na Sim wako, yaani mhusika unayemwongoza, anazunguka nyumba nzuri isiyo na pa kuingilia. Karibu malalamiko yote ya wachezaji kuhusu nyumba za kupakua yanaanzia hapo: ramani imefika, vitu havikufika.

Njia za kuleta nyumba ni tatu: kupitia Galerie iliyo ndani ya mchezo, ambako wachezaji hushirikishana nyumba mtandaoni; kwa kutia faili kwa mkono katika Tray, folda ambamo mchezo unatunza nyumba zilizohifadhiwa; na kwa Tray pamoja na vitu vilivyotengenezwa na wachezaji wenyewe, vinavyoitwa CC, ambavyo hukaa katika folda ya Mods. Tunazilinganisha kwa macho ya mchezaji wa Lubumbashi anayenunua mega kidogo kidogo, anayekatiwa umeme na delestaji katikati ya kazi, na anayepokea nusu ya vitu vyake kwa flashi kutoka kwa rafiki wa Kamalondo au Kampemba. Wenye mashini za zamani wanaocheza Sims 3 wana sehemu yao kuelekea mwisho.

Vigezo tulivyotumia

Cha kwanza ni mega: intaneti kiasi gani itakwisha mpaka nyumba isimame. Cha pili ni wakati wa kuwa mtandaoni, kwa sababu kupakua leo na kucheza kesho bila intaneti ni tofauti kabisa na kulazimika kuwa mtandaoni muda wote. Cha tatu ni ukamilifu, yaani nyumba itafanana kiasi gani na picha iliyokuvutia. Cha nne ni uimara baada ya sasisho la mchezo. Cha tano ni kazi ya mikono na mahali pa kukosea. Kingine kinajibiwa kwa neno moja, nacho ni kifaa. Ukiwa na PlayStation au Xbox, njia yako ni Galerie tu, maana huko hakuna folda unayoweza kuigusa wala CC inayokubalika.

Folda sahihi kwanza

Tunaanza na hili kwa sababu ndilo linalopoteza muda wa watu kuliko yote. Kila kitu kinaishia ndani ya Documents, chini ya Electronic Arts. Mchezo ukiwa kwa Kifaransa, kama ulivyo kwenye kompyuta nyingi za hapa, folda inaitwa Les Sims 4. Ukiwa kwa Kiingereza, inaitwa The Sims 4. Maelekezo mengi ya mtandaoni yameandikwa kwa ajili ya wenye mchezo wa Kiingereza, basi mtu anaitafuta The Sims 4, haioni, anaiunda mwenyewe na kutia faili zake humo. Mchezo hauitazami folda hiyo hata mara moja. Ukibadili lugha ya mchezo pia unaweza kukuta bibliothèque, yaani orodha ya nyumba ulizohifadhi ndani ya mchezo, ikiwa tupu na kudhani umepoteza vyote, kumbe nyumba zako ziko salama katika folda ya lugha ya kwanza.

Mtego wa pili ni OneDrive. Windows ikiwa imehamishia Documents huko, unaweza kuwa na Documents mbili kwenye kompyuta moja. Kipimo cha uhakika ni hiki: fungua mchezo, hifadhi nyumba yoyote katika bibliothèque yako, funga mchezo, kisha angalia folda ipi ya Tray imepata faili zenye saa na dakika hiyo. Hiyo ndiyo yako, nyingine zote ziache.

Katika folda hiyo hiyo kuna nyingine inayoitwa saves. Inakili mahali pengine kabla ya kuweka nyumba yoyote. Kuweka nyumba juu ya kiwanja kunafuta kila kilichokuwepo, na umeme ukikatika mchezo unapohifadhi, nakala hiyo ndiyo itakayoiokoa familia uliyoilea wiki nzima.

Njia ya kwanza: Galerie

*Unachohitaji.* Mchezo halali uliounganishwa na akaunti ya EA, na intaneti wakati wa kuchagua. Mchezo wa msingi umekuwa bure tangu Oktoba 2022, kwa hiyo njia hii iko wazi kwa kila mwenye kompyuta inayouweza.

*Hatua.* Bonyeza F4 au alama ya Galerie juu kulia. Chagua viwanja, kisha tumia machujio kabla ya kuanza kutembeza kurasa: ukubwa wa kiwanja, idadi ya vyumba, na hasa pakiti, yaani nyongeza za mchezo. Chuja ili uone tu nyumba zilizojengwa kwa pakiti ulizo nazo. Usipofanya hivyo utapenda nyumba iliyojengwa kwa pakiti kumi za kulipia. Mchezo utaiweka, lakini vitu vya pakiti usizonazo utaviacha nje, au mara nyingine utaweka kitu kingine mahali pake. Ukiipata unayoitaka, ihifadhi katika Ma bibliothèque. Halafu ingia katika kiwanja kwa kujenga, fungua Galerie tena, nenda Ma bibliothèque, na uiweke ikiwa na fanicha au bila fanicha.

Hapa kuna jambo ambalo wengi hawalitumii. Nyumba ikishaingia Ma bibliothèque, inabaki kwenye diski yako. Huhitaji tena intaneti kuiweka. Siku unapokuwa mahali penye Wi-Fi, hifadhi nyumba kumi kwa mkupuo mmoja. Hakikisha zote zinaonekana katika Ma bibliothèque kabla ya kuondoka, kisha cheza nyumbani bila mtandao. Kinachokula mega katika Galerie ni kutembeza kurasa, kwa sababu kila nyumba unayoipita inaleta picha zake. Nenda ukiwa na jina la mjengaji au neno la kutafuta mkononi.

*Panapoharibika.* Ukubwa wa kiwanja ndio kosa la kwanza. Viwanja vya Sims 4 vina vipimo maalumu: 20x15, 20x20, 30x20, 30x30, 40x30, 40x40, 50x40, 50x50 na 64x64. Nyumba ya 30x20 inakaa juu ya lupango, yaani kiwanja, la 40x30 na ardhi inabaki, lakini ya 40x30 haiwezi kukaa juu ya 30x20. Nyumba za 64x64 ndizo zinazovutia zaidi kwenye picha na ndizo ngumu zaidi kupatia mahali, kwa sababu viwanja vya ukubwa huo ni vichache na havipo kila dunia.

Kosa la pili ni pesa. Sim mmoja anaanza na Simoleoni 20.000, na kila mwanafamilia anayeongezeka huleta 2.000. Nyumba nyingi za Galerie zinazidi hapo mara tano au kumi. Ukiwa kwenye ramani ya dunia, kabla ya kununua, bonyeza Ctrl, Shift na C kwa pamoja, andika freerealestate on, na nyumba zote zinakuwa bure kuhamia. Ikiwa familia tayari inaishi juu ya kiwanja, amri hiyo haitasaidia. Andika motherlode, itakupa 50.000 kila mara.

La tatu: ukitafuta nyumba fulani ambayo umeambiwa ipo na huioni, huenda ina CC. Galerie inazificha nyumba hizo mpaka uweke alama kwenye chujio la contenu personnalisé, jina la Kifaransa la CC. Ukiipakua kutoka hapo, ujue kwamba Galerie imekupa ramani tu. CC haisafiri nayo.

*Inamfaa nani.* Mwenye konsoli, anayeanza, na yeyote anayetaka nyumba isiyomletea kazi baada ya sasisho. Nyumba iliyojengwa kwa vitu vya mchezo wenyewe haisumbuliwi sana na masasisho, kwa sababu vitu hivyo vinatunzwa na waliotengeneza mchezo.

Njia ya pili: faili za Tray kwa mkono

*Unachohitaji.* Kompyuta, programu ya kufungua zipu kama 7-Zip, na faili zenyewe, ziwe zimetoka mtandaoni au zimekuja kwa flashi. Intaneti si lazima kabisa ukizipata kwa rafiki.

*Hatua.* Fungua zipu. Ndani utakuta faili zenye majina marefu ya kutisha yanayoanza na 0x, na mwisho wa kila jina kuna aina yake. Nyumba moja ina .trayitem moja, .blueprint moja na .bpi kadhaa. Ya .trayitem ni kitambulisho: jina la nyumba, mjengaji, maelezo. Bila hiyo nyumba haionekani kabisa katika bibliothèque. Ya .blueprint ndiyo ramani yenyewe, kuta na orodha ya vitu. Za .bpi ni picha unazoziona unapochagua. Ukikuta .room na .rmi, umepakua chumba kimoja, si nyumba. Ukikuta .householdbinary, .hhi na .sgi, hiyo ni familia.

Funga mchezo. Nakili faili zote, ubandike moja kwa moja ndani ya Tray. Usiunde folda ndogo humo kwa ajili ya utaratibu, kwa sababu mchezo hausomi folda zilizo ndani ya Tray. Usibadili majina pia, hata yakikuudhi, maana kwa majina hayo ndiyo mchezo unajua kwamba .trayitem hii ni ya .blueprint ile. Fungua mchezo, nenda Ma bibliothèque, weka alama ya contenu personnalisé ili kuondoa shaka, na nyumba itakuwepo.

*Kuipeleka nyumba yako kwa mwingine.* Hapa ndipo njia hii inapowafaa wachezaji wa mji mmoja kuliko zote. Nyumba uliyoijenga, au uliyoihifadhi kutoka Galerie, inaandikwa katika Tray hiyo hiyo. Kwa hiyo mtu mmoja mwenye Wi-Fi anaweza kupakua kutoka Galerie na kuigawa kwa flashi kwa mtaa mzima bila wengine kutumia mega hata moja. Ugumu ni kujua faili zipi ni za nyumba ipi, kwa sababu majina hayasemi kitu. Panga Tray kwa tarehe mara tu baada ya kuhifadhi nyumba, na zile za juu zenye saa na dakika ile ile ndizo zako. Zichukue zote, .bpi pamoja. Ukiwa na nyumba nyingi za zamani, tumia Sims 4 Tray Importer, programu ya Windows iliyotengenezwa na jamii ya wachezaji wa Kifaransa iitwayo Luniversims. Inakuonyesha picha ya kila nyumba, faili zake, na CC gani imetumika, kisha inakutolea kifurushi kizima.

*Panapoharibika.* Mara nyingi ni faili iliyosahaulika njiani. Rafiki alinakili .trayitem na .blueprint, akaziacha .bpi, basi nyumba inakuja bila picha. Au alichukua .bpi pekee kwa sababu zilikuwa nyingi na zikamwonekea muhimu.

Flashi ni jambo la kuangaliwa. Virusi vya kawaida vya flashi hugeuza folda kuwa njia za mkato na kuficha faili halisi. Ukifungua flashi ukaona mishale midogo kwenye kila alama, usibonyeze. Ichunguze kwanza kwa antivirusi, kisha onyesha faili zilizofichwa. Kanuni moja itakulinda maisha yako yote ya kucheza: nyumba haihitaji kamwe faili ya .exe wala ya .ts4script. Mwanzoni mwa 2024 programu haribifu zilisambazwa zikiwa zimefichwa ndani ya modi za skripti za Sims 4, yaani nyongeza za wachezaji zinazobadili namna mchezo unavyofanya kazi, na mtu anayekuletea nyumba yenye faili za namna hiyo anakuletea kitu kingine.

*Inamfaa nani.* Asiye na intaneti ya uhakika, wanaocheza kwa kikundi na kubadilishana, na anayetaka kuhifadhi nyumba zake kabla ya kusafisha kompyuta. Uimara wake ni sawa na wa Galerie maadamu nyumba haina CC.

Njia ya tatu: Tray pamoja na CC katika Mods

*Unachohitaji.* Vyote vya njia ya pili, pamoja na nafasi kwenye diski, mega za kutosha, na subira. Nyumba moja ya kisasa yenye vitu vya CC inaweza kudai mega 300 au giga nzima, na kompyuta yenye RAM ya giga 4 itaisikia: mchezo unachelewa kufunguka na unakwama kidogo unapozungusha kamera.

Angalia mjengaji anatoa nyumba kwa mtindo gani. Wapo wanaoweka kila kitu katika zipu moja. Wapo wanaotoa faili za Tray na orodha ya viungo, kila kiungo kwa mtengenezaji wake. Viungo 25 ni kurasa 25 zenye matangazo, na kwa mtu anayehesabu mega kurasa hizo zinaweza kugharimu sawa na vitu vyenyewe. Watengenezaji wengine huwapa wanaowachangia pesa vitu mapema, kisha huvitoa bure baadaye. Kama huna kadi ya kulipia mtandaoni, nenda kwenye vilivyokwisha kuachiliwa.

*Hatua.* Mpangilio ni muhimu hapa kuliko popote. Anza na CC, nyumba baadaye. Fungua zipu na utoe faili za .package. Zitie katika Mods, ndani ya folda yenye jina la nyumba, mfano Mods, kisha Villa_Golf. Mods inakubali folda ndani ya folda mpaka ngazi tano kwa faili za .package, tofauti na Tray, na folda kwa kila nyumba ndiyo itakayokuokoa siku utakapotaka kuiondoa. Zipu yenyewe usiiache humo bila kuifungua, kwa sababu mchezo hausomi ndani yake. Faili za Tray zinakwenda Tray, si Mods. Kuchanganya hizo mbili ni kosa la kila siku.

Fungua mchezo, nenda Options de jeu, sehemu ya Autre, washa contenu personnalisé, kubali, kisha funga mchezo na uufungue tena. Bila kufungua upya hakuna kitakachoonekana. Ukiona orodha ya CC inatokea mwanzoni, imesomwa. Sasa weka nyumba.

Kwa nini CC itangulie? Ukiweka nyumba wakati kitanda chake hakimo bado, mchezo unaiweka bila kitanda, na kukileta kesho hakutakirudisha kwenye nyumba iliyokwisha kusimama. Ile iliyo katika Ma bibliothèque bado inakikumbuka. Iweke upya kutoka huko na kitanda kitakuwepo. Kwa hiyo usiihifadhi nyumba yenye mapengo juu ya ile ya asili.

*Panapoharibika.* Ni sehemu nyingi, na zinafaa kuelezwa taratibu.

Kitu hakionekani ingawa faili yake umeitia. Mara nyingi ulichopakua ni rangi peke yake. Watengenezaji wengi hutoa rangi mpya za kitu cha mwenzao, na rangi bila umbo la asili haina kitu cha kuvaa. Rudi kwenye ukurasa, utakuta mahali panaposema umbo linahitajika, na kiungo chake.

Vitu vyote vimepotea baada ya sasisho. Usishtuke. Kila sasisho la mchezo huzima CC na modi zenyewe. Rudi Autre, washa, fungua upya.

Milango, taa au madirisha vimeharibika baada ya sasisho ingawa CC imewashwa. Hapo mchezo umebadili namna unavyosoma aina hiyo ya vitu, na kila mtengenezaji anapaswa kurekebisha chake. Sims 4 Studio, ambayo ni bure, huwa na marekebisho ya pamoja yanayopita kwenye folda nzima kwa mara moja. Fanya hivyo juu ya nakala, si juu ya Mods yenyewe.

Mchezo unakwama na hujui kipi kinauharibu. Futa kwanza localthumbcache.package, iliyo katika folda ya Les Sims 4, maana mchezo utaiunda upya. Tatizo likibaki, toa nusu ya Mods uweke kwenye meza ya kompyuta, yaani bureau, na ujaribu. Mchezo ukiwa mzima, mwenye kosa yuko katika nusu uliyoitoa. Igawe tena. Kwa faili 64 utampata kwa majaribio sita, kwa 128 majaribio saba. Inachosha, lakini ni salama kuliko kufuta vyote na kununua mega upya.

*Inamfaa nani.* Anayetaka nyumba ifanane na picha mpaka pazia la mwisho, anayepiga picha na video za mchezo, na mwenye kompyuta yenye nguvu. Pia anayetafuta vitu ambavyo mchezo wenyewe hauna. Mtu anayetaka nyumba ya matofali mekundu ya Kamalondo, barza ya saruji, mageti ya chuma na jiko la makala uani, hawezi kuvipata vyote katika vitu vya msingi. Lakini hata yeye tungemshauri ajenge kuta na barza kwa vitu vya mchezo, aombe CC kwa vile vitano au sita vinavyobeba sura ya mahali. Nyumba ya namna hiyo inakaa chini ya mega 50, na sasisho likivunja kitu kimoja, anajua ni kipi.

Kwa wenye Sims 3

Sims 4 haikubali tena Windows ya 32-bit, na mashini nyingi za zamani zinabaki na Sims 3 ya 2009. Huko uchaguzi ni kati ya njia mbili, na tofauti yake ni kubwa.

Ya kwanza ni Launcher, dirisha linalotangulia mchezo kufunguka. Faili ya .sims3pack unaibonyeza mara mbili, au unaitia katika folda ya Downloads ndani ya Les Sims 3, unafungua Launcher, unaweka alama na kuiweka. Ni rahisi, na inaleta nyumba pamoja na vitu vyake. Hapo ndipo hatari ilipo: kifurushi kinaweza kubeba kila CC aliyokuwa nayo mjengaji iliyogusa nyumba hiyo, nzuri na mbovu, na Launcher haikuulizi. Vitu vibovu vilisambaa kwa njia hiyo kutoka mchezo mmoja hadi mwingine. Vinaingia katika faili za ndani za mchezo ziitwazo DCCache, ambako kukitoa kimoja ni kazi. Programu ndogo iitwayo Custard inakuwezesha kufungua kifurushi na kuona kilichomo kabla ya kukiweka. Jina la faili likiwa na herufi za ajabu, apostrofi au alama za mapambo, Launcher inaweza kukataa. Libadili jina liwe la herufi za kawaida tu.

Ya pili ni Library. Nyumba iliyotolewa kama .package unaitia moja kwa moja katika folda ya Library, na inatokea unapohariri mji. CC yake inakwenda Mods, kisha Packages, na inahitaji faili ya Resource.cfg, inayouambia mchezo usome folda hiyo, ambayo unaiweka mwenyewe. Ni kazi zaidi siku ya kwanza, lakini kila kitu unakiona na unaweza kukitoa. Kwa njia zote mbili, toleo la mchezo lilingane na la kifurushi. La mwisho la diski na Steam ni 1.67, la duka la EA ni 1.69. Vitu vikionekana vya ajabu baada ya kuweka nyumba, funga mchezo na ufute CASPartCache, compositorCache, scriptCache na simCompositorCache. Mchezo utaziandika upya.

Kwa hali yako

Una konsoli: Galerie, ukichuja kwa pakiti ulizo nazo. Hakuna la kuongeza.

Una kompyuta na mega kidogo, na unaingia mtandaoni mara moja kwa wiki: Galerie kwa kuhifadhi nyumba nyingi kwa mkupuo, kisha kucheza bila mtandao. Andika majina ya wajengaji unaowapenda kwenye karatasi kabla ya kuwasha intaneti.

Huna intaneti kabisa ila una marafiki wanaocheza: Tray kwa flashi. Kubalianeni mtu mmoja awe na folda ya pamoja, kila nyumba katika zipu yake, zipu ikiwa na jina la nyumba, ukubwa wa kiwanja na pakiti zilizotumika. Jina kama Nyumba_30x20_msingi linamwambia mdogo wako kila anachohitaji kabla hajaifungua. Kikundi kinachotaka kujenga mtaa mzima kitumie Newcrest, yenye viwanja 15 vitupu vilivyotolewa bure mwaka 2015. Kila mtu achukue lupango lake, na avenue ya komini ya Kenya, ya hapa Lubumbashi, itajaa kidogo kidogo.

Una kompyuta ya RAM ya giga 8 au zaidi na umependa nyumba fulani kwa sababu ya vitu vyake: njia ya tatu, folda moja kwa kila nyumba, CC kwanza, nyumba baadaye. Kama RAM yako ni giga 4, jaribu kwanza nyumba moja tu yenye CC, ucheze siku mbili, uone mashini inasemaje kabla ya kuongeza ya pili.

Unacheza na watoto kwenye kompyuta ya familia: Galerie au Tray isiyo na CC, na nakala ya saves kila Jumamosi kwenye flashi inayokaa kabatini.

Sasisho limetoka jana na una nyumba za CC: usiingie na familia unayoipenda. Fungua mchezo mpya wa majaribio, weka nyumba moja kutoka Ma bibliothèque, pita kwenye kila mlango, washa kila taa, mlaze Sim kwenye kila kitanda. Vyote vikiitika, rudi kwa familia yako.